Sanduku la Bati, Dirisha la Vyuma

Ukitaka kujua kwamba Januari imefika Nairobi, pita Kamukunji. Nyundo zinaanza kulia kabla jua halijapanda vizuri. Mafundi wa jua kali wanakunja mabati, wanagonga kona, wanapaka rangi, na masanduku yanapangwa moja juu ya lingine hadi yanamzidi mtu kimo. Mama ameshika karatasi. Mtoto amesimama kando na sare ambayo bado ina mikunjo ya dukani. Wanabishana bei na fundi. Halafu sanduku linapandishwa juu ya matatu, na maisha ya mtu yanachukua njia yake.

Langu lilikuwa la samawati. Mamangu alilinunua mapema mwaka wa 2006 pamoja na kufuli mbili, moja ya kutumia na nyingine ya "wakikuibia". Nilikuwa naenda shule ya bweni ya wilaya ambayo sikuwa nimeichagua. Binamu yangu, ambaye tulipishana alama zisizofika 30 kwenye KCPE, alibeba lake wiki hiyo hiyo akaenda shule ya kitaifa. Yeye alikuwa amesoma akademi. Mimi nilitoka shule ya Siti Kaunsili, darasa la watu zaidi ya 80 na mwalimu mmoja. Hakuna mtu aliyesema kitu. Lakini Krismasi iliyofuata wajomba walimwuliza yeye anataka kusomea nini chuoni. Mimi waliniuliza kama chakula cha shule kinatosha.

Miaka karibu 20 baadaye bado nalifikiria jambo hilo. Si kwa uchungu, binamu yangu ni mtu poa na bado tunaongea. Nafikiria tu: ni nani aliyepanga hizi ngazi? Kwa nini barua moja ya kujiunga na shule iwe na nguvu ya kubadilisha hata maswali ambayo watu wa familia yako wanakuuliza? Ukifuata historia, utaona jambo hili lilianza kitambo sana kabla ya KCPE.

*

Shule za kwanza za sekondari za Waafrika zilitoka mikononi mwa wamishonari. Maseno ilianzishwa mwaka wa 1906 na wamishonari wa CMS. Haikumaliza muda mrefu kabla wanafunzi hawajagoma. Mgomo wa Maseno wa 1908 hutajwa kama mgomo wa kwanza wa wanafunzi nchini, na sababu yake ni ya kukumbuka kila unaposikia mtu mzima akisema ati watoto wa siku hizi ndio wameharibika. Walikuwa wamechoka na kazi za mikono. Walikuja kusoma, wakapewa majembe.

Hilo jembe halikuwa bahati mbaya. Sera ya wakoloni ilisema elimu ya Mwafrika iwe ya ufundi na kilimo, na ile tume ya Phelps-Stokes iliyozunguka Afrika Mashariki mwaka wa 1924 iliipa sera hiyo lugha tamu. Mzungu alikuwa na shule zake, Mhindi zake, Mwafrika zake. Prince of Wales ilifunguliwa Nairobi mwaka wa 1931 kwa ajili ya wavulana wa kizungu, na Duke of York ikafuata mwaka wa 1949. Leo unazijua kama Nairobi School na Lenana. Ukiingia pale uone viwanja na yale majengo, utaelewa pesa ya koloni ilikuwa inaenda wapi.

Upande wa Waafrika mlango ulikuwa mwembamba. Alliance ilifunguliwa Kikuyu mwaka wa 1926 na muungano wa makanisa ya Kiprotestanti. Wakatoliki walikuwa na shule yao iliyoanza Kabaa na baadaye ikawa Mang'u. Kuanzia 1940 hadi 1962 Alliance iliongozwa na Carey Francis, mwanahisabati wa Cambridge aliyekuwa ameongoza Maseno kabla ya hapo. Alikuwa mkali, alipenda ratiba, na vijana wake walipita mitihani ya Cambridge vizuri sana. Uhuru ulipofika, baraza la kwanza la mawaziri lilikuwa limejaa watu waliopitia mikononi mwake. Wazazi wa Kenya waliliona hilo wakapata somo moja ambalo hawajalisahau: kuna milango michache, na anayepita ndiye anayekaa mezani.

Lakini kupita kulihitaji vitu viwili, akili na karo. Tom Mboya alikuwa na cha kwanza. Aliondoka Mang'u kabla ya kumaliza kwa sababu nyumbani pesa haikuwepo. Alipanda akawa waziri hata hivyo, na ndiyo maana tunalijua jina lake. Wale wengine walioondoka kwa sababu hiyo hiyo hatuwajui.

Kulikuwa na watu waliokataa mlango huo mwembamba. Baada ya ugomvi wa 1929 kati ya wamishonari na Wakikuyu kuhusu tohara ya wasichana, wazazi walitoka kwenye shule za misheni wakaanza zao. Walichanga wenyewe, wakajenga wenyewe, wakaajiri walimu. Mwaka wa 1939 wakafungua chuo cha walimu Githunguri, kikiongozwa na Mbiyu Koinange. Hali ya hatari ilipotangazwa mwaka wa 1952, serikali ilizifunga shule hizo. Wakati huo mtoto wa Kiafrika alikuwa anakutana na mtihani wa kumchuja akiwa darasa la nne tu. Darasa la nne! Mtoto wa miaka 10 au 11 anaambiwa safari yake imefika mwisho.

*

Mwaka wa 1963 Kenya ilikuwa na shule 151 za sekondari na wanafunzi karibu 30,000. Nchi nzima. Tume ya Profesa Simeon Ominde, iliyoundwa mara tu baada ya uhuru, ilisema shule za ubaguzi wa rangi ziishe na watoto wote wawe kwenye mfumo mmoja. Ubaguzi wa rangi uliondolewa kweli. Kilichobaki ni bei. Zile shule zilizokuwa za wazungu ziliendelea kutoza karo ya juu, na mtoto mweusi aliyeingia alikuwa mtoto wa waziri, wa katibu mkuu, wa meneja. Kwenye geti, askari hakuangalia ngozi tena. Karani ndani ya ofisi aliangalia risiti ya benki.

Kwa wengine kulikuwa na Harambee. Hii ni sehemu ya historia yetu ambayo mimi naipenda na inaniuma pia. Vijiji vilichanga mbuzi, kuku, mawe, nguvu za mikono, na kujenga madarasa. Hakuna aliyewalazimisha. Kufikia miaka ya 1970 shule za Harambee zilikuwa nyingi kuliko zile za serikali. Bila hizo, labda babako au nyanyako asingeona fomu wani kwa macho.

Sasa angalia hesabu. Serikali ililipa walimu na kusaidia shule zake, kwa hivyo karo ya huko ilikuwa nafuu. Shule ya Harambee ilijitegemea, kwa hivyo karo yake ilikuwa juu. Mtoto aliyepita mtihani vizuri, ambaye mara nyingi alitoka kwenye shule nzuri ya msingi, alienda shule ya serikali yenye maabara, akalipa kidogo. Mtoto wa mkulima aliyekosa nafasi alienda Harambee isiyo na maabara, wazazi wake wakalipa zaidi, baada ya kuchangia pia mabati ya paa. Yaani maskini alilipa pesa nyingi akapata kidogo. Tukaiita hiyo kujitegemea.

Mfumo wa 8-4-4 ulikuja mwaka wa 1985. KCPE ya kwanza ilifanywa mwaka huo huo, na KCSE ya kwanza mwaka wa 1989. Shule za Harambee zilimezwa polepole ndani ya mfumo wa serikali, zikawa zile tulizoziita shule za wilaya. Jina lilibadilika, lakini nyingi hazikupata maabara. Mwaka wa 1988 serikali ikapitisha sera ya kugawana gharama, na mzazi akaanza kulipia vitu ambavyo hapo awali havikumhusu. Juu kabisa zilikaa shule 18 za kitaifa. Chini yao zilikuwepo za mkoa, na chini ya hizo sisi wa wilaya.

Kila mwaka matokeo yakitoka, magazeti yalichapisha orodha ya shule bora na picha za watoto wamebebwa juu juu. Nakumbuka mwalimu mkuu wetu akibandika ukurasa huo kwenye ubao wa matangazo, shule yetu ikiwa haimo hata kidogo. Sijui alitaka tufanye nini na habari hiyo.

*

Hapa lazima tuzungumze kuhusu moto.

Usiku wa kuamkia tarehe 26 Machi 2001, bweni moja la Shule ya Sekondari ya Kyanguli, wilaya ya Machakos, liliungua. Wavulana 67 walikufa. Madirisha yalikuwa na vyuma. Bweni lilikuwa na milango miwili, na mmoja ulikuwa umefungwa kwa kufuli. Moto uliwashwa na wanafunzi kwa petroli.

Kati ya malalamiko yaliyokuwa shuleni, mawili yanarudi kila wakati Kyanguli inapotajwa. La kwanza ni kwamba matokeo ya KCSE ya mwaka wa 2000 yalikuwa yamefutwa kwa madai ya udanganyifu. La pili ni madeni ya karo. Mtihani na pesa. Zile nguzo mbili za mfumo mzima tangu enzi za Alliance zilikutana ndani ya bweni moja lenye kufuli mlangoni.

Sisemi kwamba historia iliwasha kiberiti. Kiberiti kiliwashwa na mikono ya watu, na wavulana 67 hawakuwa wamemkosea yeyote. Nasema tu kwamba mahali pale palikuwa pamekauka tayari. Na haikuwa mara ya kwanza damu kumwagika kwenye bweni. Mwaka wa 1991 kule St Kizito, Meru, wavulana waliwavamia wasichana usiku kwa sababu walikataa kujiunga na mgomo. Wasichana 19 walikufa na wengi zaidi walibakwa. Mwaka wa 1999 viranja wanne wa shule moja ya Nyeri walifungiwa chumbani na kuchomwa. Kila mara tume iliundwa, watu wakashtuka, halafu muhula ukafunguliwa.

Mwaka wa 2001 serikali ilipiga marufuku kiboko shuleni. Mwaka wa 2008 wizara ilitoa mwongozo wa usalama. Uko wazi kabisa: bweni liwe na mlango kila upande, milango ifunguke kwa nje, madirisha yasiwe na vyuma, nafasi kati ya vitanda isipungue mita 1.2.

Mimi nililala kwenye bweni lenye vyuma madirishani miaka yangu yote minne, kuanzia 2006. Kitanda changu na cha jirani yangu viligusana. Saa nne usiku kiranja alifunga mlango kutoka nje na kwenda na ufunguo. Tulijua habari za Kyanguli, si unajua vile hadithi husambaa bwenini. Usiku wa kwanza, kijana wa fomu tu alinionyesha mbao mbili kwenye dari ambazo hazikuwa zimepigiliwa. "Mono, kukiwaka, pitia hapo," aliniambia. Huo ndio ulikuwa mpango wetu wa usalama.

Julai 2008 nilikuwa fomu tatu. Mamia ya shule ziligoma ndani ya wiki chache, na mitihani ya majaribio ikatajwa sana kama chanzo. Yetu iligoma pia. Hatukuchoma kitu, tulivunja vioo na kutembea hadi barabara kuu tukiimba. Tulirudishwa nyumbani, na kila mzazi akatozwa pesa ya vioo. Mamangu alilipa kwa awamu tatu. Lakini niseme ukweli: tuliporudi, maharagwe yalikuwa yamepikwa vizuri kwa mara ya kwanza, na naibu wa mwalimu mkuu alitusalimia. Mtafiti Elizabeth Cooper, aliyeandika kuhusu mioto ya shule zetu mwaka wa 2014, anasema wanafunzi wamejifunza kwamba vurugu ndiyo lugha ambayo wakubwa husikia. Niliposoma hivyo nilikumbuka yale maharagwe.

*

Sasa turudi kwa binamu yangu na zile alama zisizofika 30.

Mwaka wa 2014 wachumi wawili, Adrienne Lucas na Isaac Mbiti, walichapisha utafiti kuhusu wanafunzi wa Kenya waliofanya KCPE mwaka wa 2004 na KCSE mwaka wa 2008. Hao walikuwa fomu moja mbele yangu. Wakawalinganisha waliopita kidogo tu kuingia shule ya kitaifa na waliokosa kidogo tu. Yaani watoto ambao akili zao, kwa vipimo vya mtihani, zilikuwa karibu sawa, ila mmoja alipata barua na mwingine akakosa.

Walipoangalia matokeo ya KCSE, hawakuona ushahidi wa maana kwamba shule ya kitaifa ilimwongezea mtu alama. Sifa ya shule hizo, kwa sehemu kubwa, ilitokana na watoto walioingia. Ukichukua watoto bora wa nchi nzima ukawaweka mahali pamoja, watapita.

Nilipousoma utafiti huo mara ya kwanza nilicheka peke yangu. Halafu nikakasirika. Nilikuwa nimebeba aibu ya barua ile miaka mingi, na kumbe kwa upande wa alama tu haikuwa na uzito niliofikiria. Lakini hasira haikukaa, kwa sababu alama si kila kitu ambacho shule inagawa. Binamu yangu alipata marafiki ambao baba zao wana kampuni. Alipata mwalimu wa muziki. Alilala bweni ambalo mlango wake haukufungwa kwa nje. Hakuna gredi ya KCSE inayopima mambo hayo, na ndiyo yanayobaki na mtu.

Serikali haijakaa tu. Mwaka wa 2008 ilianza kulipia elimu ya sekondari ya kutwa, shilingi 10,265 kwa kila mwanafunzi, na kufikia 2018 kiasi hicho kilikuwa kimepanda hadi 22,244. Shule za kitaifa ziliongezwa kutoka 18 hadi zaidi ya 100. Orodha za shule bora zilipigwa marufuku mwaka wa 2014. Mwaka wa 2018 ikatangazwa kwamba kila aliyefanya KCPE aingie sekondari. Watoto wakajaa, na vitanda vikasongamana kwenye mabweni yale yale. Septemba 2017 bweni la Moi Girls, hapa Nairobi, liliungua na wasichana wakafa. Septemba 2024 ilikuwa zamu ya shule ya msingi kule Nyeri, Hillside Endarasha, na wavulana 21 walikufa.

*

KCPE ya mwisho ilifanywa mwaka wa 2023. Mtaala mpya uliahidi kwamba hakuna mtoto atakayeitwa aliyefeli. Januari 2026 kundi la kwanza liliingia Gredi ya 10, na shule zikawa zimepangwa kwenye makundi manne, kutoka C1 hadi C4. C1 ni zile za kitaifa za zamani. C4 ni zile za kutwa. Mzazi hakuhitaji kuelezewa mara mbili.

Mpwa wangu alipangiwa C4. Dadangu alilia. Mimi, mtu niliyesoma utafiti wote huu, nilikaa kwenye kochi nikaanza kumweleza habari za Lucas na Mbiti. Mtoto alinisikiliza kwa heshima hadi nikamaliza. Kisha akaniuliza, "Mjomba, hiyo shule iko na maabara?"

Sikuwa na jibu. Kesho yake tuliomba abadilishiwe shule. Ndiyo, mimi niliyeandika yote haya. Nilijaza fomu mwenyewe nikikumbuka wajomba zangu na yale maswali yao ya Krismasi. Alipata C3, ya bweni, na tukaenda Kamukunji kununua sanduku. Alichagua la kijani.

Siku ya kumpeleka niliomba kuona bweni. Matroni alishangaa kidogo, alizoea wazazi kuuliza kuhusu alama ya wastani. Vitanda vilikuwa karibu kuliko inavyotakiwa. Madirisha hayakuwa na vyuma. Nilienda hadi mlango wa nyuma nikausukuma, ukafunguka kwa nje. Nikaufunga, nikausukuma tena.

"Huwa mnaufunga usiku?" niliuliza.

Matroni akaangalia pembeni kidogo. "Inategemea na aliye zamu," akasema.

Nilimwomba anipeleke kwa mwalimu mkuu. Mpwa wangu aliona aibu, akaniambia twende tu, Mjomba, watu wanaangalia. Nilimwambia angoje hapo kando ya sanduku lake, nisingekawia.